Miungu walikasirika au miungu ilikasirika?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa sekondari. Ninaandika kwa Kiswahili hadithi za miungu ya Wagiriki wa kale kwa ajili ya wanafunzi wa kidato cha kwanza. Mhariri amenirudishia muswada umejaa wino mwekundu. Kila nilipoandika "miungu walikasirika" yeye ameweka "miungu ilikasirika". "Mungu wa kike Athena" amemfanya "mungu mke Athena". Nilipomwita Hades "mungu wa jehanamu" ameweka alama ya kuuliza. Ila "Poseidon, mjomba wake Athena" amepita bila neno. Nani kati yetu anakosea? Na je, niandike Zeus au Zeu kama ilivyo kwenye Biblia, na neno mungu nilipe herufi kubwa au ndogo?

JIBU: Mwalimu, mmekosea wote wawili, kila mtu mahali pake. Kosa kubwa zaidi limo katika sentensi ile ambayo mhariri ameipita kimya, nayo nitaifikia. Tuanze na ngeli.

Mhariri wako ameangalia umbo la neno. Mungu, miungu, mti, miti, mkono, mikono. Kwa umbo, neno hili limekaa na miti na mikono, kwa hiyo ameona wingi wake ufuate i-: miti ilianguka, miungu ilikasirika. Hesabu yake ingekuwa sawa kama umoja nao ungekubali, lakini haukubali. Hakuna anayesema "Mungu unawapenda waja wake" akimaanisha yeye. Ukiisikia sentensi hiyo, utadhani msemaji anaomba, anazungumza na Mungu mwenyewe. Tunasema Mungu anawapenda. Umoja umeshachukua a- kwa sababu anayetajwa ni mwenye nafsi na utashi, na a- ndiyo inayoita wa- katika wingi. Jirani wa karibu wa neno hili ni mtume. Mitume nao wana mi- ya miti, lakini sijapata kukutana na mtu aliyesema "mitume ilikusanyika". Viongozi wana vi- ya viti na bado wamefika, hawajafika kwa "vimefika". Kiswahili kimezoea kuvaa umbo la ngeli moja na kupatanisha kwa nyingine pindi kinapogusa chenye uhai.

Hata hivyo mhariri hakulitoa kosa lake hewani. Sikio lake limezoea "miungu ya uongo", "miungu yao", "miungu mingine". Fungua Kutoka 20:3 katika Biblia ya Muungano ya 1952: "Usiwe na miungu mingine ila mimi." Hapo ni mingine, si wengine. Sasa nenda Matendo 14, Biblia hiyo hiyo. Paulo na Barnaba wako Listra, mji wa Asia Ndogo, wamemponya mtu asiyeweza kutembea, na umati unapaza sauti kwa Kilikaonia, lugha ya huko: "Miungu wametushukia kwa mfano wa wanadamu." Hapo ni wametushukia, si imetushukia. Na miungu wenyewe wanaotajwa ndio hao wako wa Kigiriki: Barnaba anaitwa Zeu, na Paulo, kwa kuwa ndiye msemaji, anaitwa Herme. Kuhani anakuja na ng'ombe na mashada ya maua tayari kwa kuchinja, mitume wanararua mavazi yao.

Sidai kwamba watafsiri waliketi mezani wakapanga. Lakini ukizisoma aya hizo mbili pamoja unasikia kitu. Katika amri, anayesema hawahesabu hao kuwa hai: ni vitu vilivyochongwa vikainuliwa juu. Huko Listra wanaosema wanaamini kwamba wageni wawili walioko mbele yao wanatembea, wanasikia na wanaweza kuudhika. Watu wa pande zile walikuwa na sababu ya kuogopa, maana mshairi wa Kirumi Ovid, aliyeandika miongo michache kabla ya safari ile ya Paulo, anasimulia jinsi miungu hao hao wawili, kwa majina yao ya Kirumi, Jupiter na Mercury, walivyopita Frigia wakiwa wamejigeuza wapita njia. Nyumba nyingi ziliwafungia mlango. Wazee wawili maskini, Baucis na Philemon, ndio waliowakaribisha. Nchi yote ile ikazama majini, kibanda cha wazee kikageuzwa hekalu. Anayesimulia kisa kama hicho hawezi kusema "miungu ilipita".

Usije ukaifanya hoja hii kuwa kanuni ya chuma. Katika tafsiri ya Kurani ya Sheikh Ali Muhsin al-Barwani, Surat Al-Anbiyaa aya ya 22, inayokanusha kabisa kuwepo kwa mungu mwingine, utakuta "miungu wengine", kwa wa-. Na Paulo katika 1 Wakorintho 8:5 wamemwandikia "miungu mingi na mabwana wengi", neno moja likiwa na mi- na la jirani likiwa na we-, ndani ya pumzi moja. Kwa hiyo mtu akiniuliza kama "miungu mingi" ni kosa, nitamwambia si kosa. Ni matumizi yaliyokomaa, hasa pale miungu wanapotajwa kwa jumla, kama jambo la imani, bila kufanya chochote. Ndiyo maana swali lako mwenyewe limeanza na "miungu ya Wagiriki" na sikushtuka. Kiswahili kina upana huo kwingine pia: tunasema "rafiki zangu wamefika", zangu ikifuata umbo na wamefika ikifuata uhai, na hakuna anayelalamika.

Lakini wewe huandiki kitabu cha imani, unasimulia. Na katika hadithi za Wagiriki miungu wanafanya kila kitu: wanakula, wanachongea, wanaona wivu, wanaibiana, wanacheka. Jaribu mwenyewe na mwanzo wa kitabu cha nne cha Iliad, utenzi wa Homer kuhusu vita vya Troy, pale wanapokutana kwa Zeus huku Troy imezingirwa. "Miungu waliketi kwenye sakafu ya dhahabu, Hebe akiwamiminia nekta, nao wakigonganisha vikombe na kuutazama mji wa watu wa Troy." Sasa ya mhariri: "Miungu iliketi kwenye sakafu ya dhahabu, Hebe akiimiminia nekta, nayo ikigonganisha vikombe." Katika hiyo ya pili mtoto wa kidato cha kwanza ataona safu ya vinyago, na atashangaa kinyago kimoja, Hebe, kimepataje a-.

Kwa hiyo uamuzi wangu ni huu: ndani ya masimulizi tumia wa- kote, pamoja na vivumishi na viunganishi. Miungu wa Kigiriki walikasirika, miungu wengine wakanyamaza. Ukichanganya "miungu ya Kigiriki walikasirika" katika sentensi moja, msomaji atajikwaa. Penye yambwa, yaani anayetendewa, ambapo "waliwaabudu miungu" inakukwaza ulimi, ondoa tu kiambishi: waliabudu miungu. Na sanamu ibaki sanamu. Athena aliyewekwa ndani ya Parthenon, hekalu lake huko Athens, mwaka 438 KK, kazi ya mchongaji Phidias, kwa dhahabu na pembe za ndovu, ni sanamu ya Athena. Hiyo ilisimama, ilimetameta, ilipotea. Athena mwenyewe alisimama.

Parthenon inanileta kwenye "mungu mke", na hapa uko sahihi kuliko mhariri. Najua alikoitoa: Matendo 19, ghasia za Efeso, Demetrio mfua fedha anahofia biashara yake ya vihekalu, na Artemi anaitwa "mungu mke aliye mkuu". Kwa Kiswahili cha zamani kidogo, mke hapo ni jinsia tu, kama katika mwanamke. Msomaji wa leo akiona mke anauliza: wa nani? Kwa Hera hakuna shida, ni mke wa Zeus kweli. Kwa Athena na Artemis ni kichekesho, maana hao pamoja na Hestia ndio watatu walioapa kutoolewa kamwe, na jina la Parthenon lenyewe limetokana na neno la Kigiriki la bikira. Andika mungu wa kike. "Mungu jike" usiliandike hata kwa utani. Jike ni la wanyama.

Lakini nakuonya kuhusu wingi wa matumizi. Nahisi unafanya kazi ukiwa na kitabu cha Kiingereza kando, na kila wanapotaja jinsia wewe unaitaja. "Mungu wa kike wa hekima Athena", "mungu wa kike wa mavuno Demeter", "mungu wa kike wa uwindaji Artemis": ukurasa mzima unakuwa wa, wa, wa. Kiswahili hakikulazimishi. Mtambulishe mara moja kwamba ni wa kike, au acha undugu useme: Athena binti Zeus, Demeter mama yake Persephone, Artemis pacha wa Apollo. Baada ya hapo ni mungu wa hekima, mungu wa mavuno, mungu wa uwindaji, na inatosha. Aphrodite, kwa njia, mwite mungu wa mahaba. Upendo ni neno pana na safi mno kwa mambo aliyoyafanya na Ares, mungu wa vita.

Nimefika kwenye mjomba.

Poseidon si mjomba wa Athena, mwalimu. Kiingereza kina neno moja kwa ndugu wa kiume wa baba na wa mama, nawe umelivuta hadi kwetu bila kuangalia limetokea upande gani. Poseidon ni ndugu yake Zeus, na Zeus ni baba yake Athena. Kwa hiyo ni ami yake, au kwa jinsi wengi wanavyosema bara, ni baba mkubwa au baba mdogo. Hapo sasa ndipo Kiswahili kinakubana kuliko Kiingereza kinavyowahi kumbana mtu: mkubwa au mdogo?

Wagiriki wenyewe hawakukubaliana. Mshairi wa kale Hesiod, katika shairi lake la nasaba za miungu, anawataja watoto wa Kronos kwa mpangilio: Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon, na kitinda mimba Zeus. Kronos aliogopa kupinduliwa na mwanawe, akawameza mmoja baada ya mwingine walipozaliwa. Alipofika Zeus, mama yao Rhea akamfungia mumewe jiwe katika nguo za mtoto, akalimeza hilo, na mtoto akafichwa Krete. Kwa hesabu hiyo Poseidon ni kaka mkubwa wa Zeus, na kwa Athena ni baba mkubwa. Ukija kwa Homer, katika Iliad Zeus ndiye wa kwanza kuzaliwa, na ukubwa huo ni moja ya sababu zinazomfanya Poseidon anyamaze anapoamriwa kutoka vitani, ingawa kwa shingo upande, akikumbusha kwamba ndugu watatu walipiga kura na kugawana sawa: yeye bahari, Hades giza la chini, Zeus mbingu, na ardhi na Olympus vikabaki vya wote. Kwa Homer basi Poseidon ni baba mdogo. Ukisimulia kutoka kwa Hesiod andika baba mkubwa, ukisimulia kutoka kwa Homer andika baba mdogo, na kama umechanganya vyote viwili, ami itakuokoa, maana haiulizi umri.

Wajomba wa kweli wa Athena wapo, na ni wa kuvutia kuliko Poseidon. Mama yake ni Metis, binti wa Okeanos, ambaye Zeus alimmeza akiwa mjamzito, na ndiyo maana Athena akatokea kichwani mwa baba. Ndugu zake Metis wa kiume ni mito. Hesiod anaiorodhesha, na wa kwanza katika orodha yake ni Nile. Naam, mto huu huu unaotoka Ziwa Victoria pale Jinja. Mjomba wa Athena ni mto wa kwetu. Hilo waambie wanafunzi wako.

Hera kwa Athena ni shangazi na mama wa kambo kwa pamoja, chagua kulingana na kisa. Penye ugomvi kuhusu watoto wa nje wa Zeus, mama wa kambo ndiyo yenye makali. Mgumu kuliko wote ni Hades kwa Persephone. Baba yake Persephone ni Zeus na mama yake ni Demeter, na hao wawili ni ndugu, na Hades ni ndugu yao. Kwa upande wa baba, kwa hesabu ya Hesiod, ni baba mkubwa. Kwa upande wa mama ni mjomba. Kisha ndiye anayemnyakua akichuma maua kondeni na kumfanya mkewe, kwa idhini ya Zeus na bila Demeter kuambiwa. Hapa, na hapa peke yake, ningeandika mjomba. Kwetu mtoto akionewa upande wa baba hukimbilia kwa mjomba. Msomaji wa Kiswahili akisikia kwamba baba ameridhia na mnyakuzi ni mjomba, ataelewa bila maelezo zaidi kwa nini Demeter aliacha mashamba yakauke.

Huyo Hades si wa jehanamu, na alama ya kuuliza ya mhariri ni halali. Jehanamu ni mahali pa adhabu. Kwa Hades walikwenda wote, mwema na mwovu, mfalme na mtumwa. Achilles, shujaa wa mashujaa, Odysseus anamkuta huko huko, akisema afadhali angekuwa kibarua wa mtu fukara duniani kuliko kuwatawala wafu wote. Neno tunalo: kuzimu. Ndilo lililotumika katika Ufunuo 1:18, "funguo za mauti, na za kuzimu", mahali ambapo Kigiriki kina neno Hades lenyewe. Mzizi wake ni ule wa mzimu; ni waliko waliotutangulia, bila kusema kwamba wanaungua. Andika mfalme wa kuzimu. Wanaoteswa, akina Sisyphus anayesukuma jiwe mlimani bila kikomo, wataje kwa kisa chao. Wala usimwite Hades mungu wa mauti, kwa sababu mauti ana wake, Thanatos, na wala usimpake rangi ya Shetani. Ni mkali na hapendwi, lakini hadanganyi watu, anatunza walioletwa.

Herufi kubwa ni rahisi. Mungu kwa herufi kubwa ni jina la Mmoja anayeabudiwa na wasomaji wako, Waislamu kwa Wakristo. Wa Kigiriki ni mungu kwa herufi ndogo. Tatizo linazuka mwanzo wa sentensi, pale "Mungu wa bahari alikasirika" inapolazimika kuvaa herufi kubwa. Geuza tu, "Poseidon, mungu wa bahari, alikasirika". Muhimu zaidi ya herufi ni sifa. Naona katika ukurasa ulioniambatishia umemwita Zeus Mwenyezi. Iondoe. Zeus hakuumba ulimwengu, ameukuta, akaupora kwa baba yake. Na mwanawe Sarpedon alipokaribia kuuawa Troy alitamani kumwokoa. Hera akamwambia miungu wengine hawatakubali mtu aliyekwisha kupangiwa kufa aondolewe, naye akaishia kunyesha matone ya damu juu ya nchi kwa huzuni. Huyo ni mfalme wa miungu, au mungu mkuu, basi. Kwa sababu hiyo hiyo wahusika wako wasishtuke kwa "Mungu wangu!" wala "Wallahi". Waape kwa Zeus, na miungu wenyewe waape kwa maji ya Styx, mto wa kuzimu, kiapo ambacho hata wao wanaogopa kukivunja.

Majina: Zeus, Hermes, Artemis. Zeu, Herme na Artemi ni sahihi ndani ya Biblia, na mwanafunzi anayezijua aya hizo atafurahi ukimwonyesha kwamba ni hao hao, lakini kitabu cha shule leo kitamsaidia zaidi kwa majina atakayokutana nayo kwingine. Usiwabandike -i mwishoni ati wapate Uswahili; Poseidon hahitaji kuwa Poseidoni. Makundi ni jambo jingine, hayo yanastahili kuingia katika ngeli zetu kama Wagiriki walivyoingia: Mtitani Kronos, Watitani, yaani kizazi cha miungu waliotawala kabla ya Zeus. Afadhali hivyo kuliko "majitu" ulivyoandika, maana majitu unayahitaji kwa kundi jingine kabisa, waliokuja kupigana na Zeus baada ya Watitani kushindwa.

Na katika ukurasa huo huo kuna "Mlima Olympia". Mlima wa miungu ni Olympus, kaskazini mwa Ugiriki, wenye urefu wa mita zaidi ya 2,900. Olympia ni mahali pengine, kusini magharibi, bondeni, palipokuwa na hekalu la Zeus na michezo iliyofanyika kwa heshima yake, na Olimpiki yetu imetoka huko bondeni.